Jina la Mwenza

Watu wa hapa Kitangari husema nilikwenda mahakamani Newala kwa sababu ya hofu. Hofu nilikuwa nayo, siikatai. Wapwa wawili wa marehemu mume wangu walikuwa wameniahidi panga nisipotoka kwenye mikorosho yangu, na mtu aliyeahidiwa panga akikwambia haogopi, mtazame vizuri, huyo ama mwongo ama ameshapiga uraka, pombe yetu ya mabibo. Lakini kilichonitoa nyumbani asubuhi ile, kikanipandisha pikipiki na nyonga zangu hizi mbovu, hakikuwa hofu. Ulikuwa wivu. Nilikuwa namwonea wivu mke mwenzangu kwa sababu ya askari.

Ngoja nieleze, maana nikienda mbio hivi nitakuacha njiani.

Marehemu alituoa wawili. Mimi ndiye mkubwa, mzaliwa wa hapahapa. Yeye mdogo, wa Makote, alikuja mimi nina watoto watatu na magoti yameshaanza kulalamika. Shamba lilikuwa msitu mtupu, tukalifyeka wenyewe, marehemu na mimi kwanza, halafu sote watatu. Njia ya miguu inapita katikati. Upande wa barabarani ni wangu, na mikorosho yake ni mikubwa, mizee, inazaa ikitaka. Upande wa ndani ni wake, mikorosho mifupi ya mbegu mpya, inazaa kabla haijajua kusimama. Hiyo ya kwangu niliipanda mimi kwa jembe, mimba tumboni. Ya kwake marehemu alimchimbia mashimo.

Na kisima, marehemu alikichimba kwake. Huku kwetu mlimani maji ni ya bondeni, anayetaka kupumzika anajenga kisima cha saruji chini ya ardhi, mvua inaanguka kwenye bati, inapita kwenye mfereji, inaingia humo. Eti kilijengwa kwake kwa kuwa bati liko kwake. Na bati kwa nini liwe kwake? Hapo sasa. Mimi nimeshuka bondeni tangu meno ya utoto hayajatoka yote, nikapanda na ndoo kichwani mpaka utosi ukawa bapa, mwenzangu anafungua mfuniko mlangoni na kuchota kama anayechota uji. Nikiomba ananipa. Ananijazia, tena ananitwisha, tena ananiambia, "Karibu tena, dada." Hilo ndilo lililonichoma. Angeninyima ningemsema kijiji kizima. Mtu anayekupa kila siku utamsemea nini?

Hata binti yangu mwenyewe, niliyemzaa kwa shida, anayekaa Masasi, akipiga simu huanzia kwa yule. Eti kule mtandao unashika. Na marehemu naye, alipougua mara ya mwisho akiwa ndani ya nyumba yangu, kwenye kitanda changu, nilimpa maji akanywa kidogo, akasema, "Nipatie ya kule, ya kule ni baridi." Nikaenda kuyachukua. Nilimwonea wivu mwanamke kwa maji huku mume anakata roho. Nalisema hili nimeshazeeka, sina wa kumwonea haya.

Eda tulikaa pamoja kwangu, miezi minne na siku kumi, watu wawili tuliokuwa tukigawana mtu mmoja sasa tunagawana ukuta wa kuegemea. Waliokuja kutoa pole walimpa yeye nyingi, kwa sababu analia vizuri. Mimi nikilia hutoka makamasi. Yeye hutoka machozi matupu, yanashuka moja moja kama amefundishwa.

Eda ilipokwisha tu, wapwa wakaja kutoka Masasi. Mkubwa wao ni msemaji, simu anaiweka mfuko wa mbele wa shati ionekane. Mdogo yeye hubeba panga na kunyamaza.

"Shikamoo mama," akasema yule mkubwa.

"Marahaba wanangu. Karibuni vigoda."

"Hatukai. Tumekuja kukuarifu kwamba msimu huu korosho tunaokota sisi. Shamba la mjomba ni la wapwa. Mila unaijua."

Mila naijua kuliko yeye. Wamakonde wa zamani mtoto alikuwa wa upande wa mama, na mtu akifa mali ilikwenda kwa watoto wa dada yake. Mimi mwenyewe utotoni nililishwa kwenye shamba la mjomba wangu, na mkewe akituangalia tunavyokula kwa macho ambayo nilikuja kuyaelewa nikiwa mjane. Kwa hiyo sikumwambia kuwa anadanganya. Nilimwambia, "Shamba la ukoo ni jambo moja, mwanangu. Msitu aliofyeka mtu na wake zake ni jambo jingine. Siku ile ya kung'oa visiki wewe ulikuwa wapi?"

"Mama, maneno hayo sisi hatuyataki. Tukikukuta chini ya mkorosho utaokota korosho pamoja na vidole vyako." Kisha akaniaga vizuri kabisa. "Haya mama, shinda salama."

Wakavuka njia kwenda kwa mwenzangu. Nikasikia kelele za bati. Walikuwa wanamng'olea mfereji wa kisima. Na hapa nitasema ukweli, atakayenichukia anichukie, moyo wangu ulicheka. Ulicheka kidogo, kama mtu anayecheka msikitini, lakini ulicheka. Nikasema, haya, na yeye sasa ataijua njia ya bondeni.

Kicheko hakikufika mbali. Juma lililofuata niliamka nikakuta mkorosho wangu wa barabarani, ule mkubwa kuliko yote, umekatwa, umelala chini na maua yake. Mkorosho ukikatwa na maua unanukia. Sijawahi kusikia harufu nzuri iliyonitia baridi namna ile.

Tukaenda polisi, mimi na mwenzangu, yeye mbele na mimi nyuma kwa ajili ya magoti. Walitusikiliza, wakaandika, wakatupa namba. Wakatuambia mambo ya shamba yanataka amri ya mahakama, ikipatikana amri wao watakuwa na nguvu ya kuwazuia wale watu wasikanyage pale. Kwa sasa askari wa kata atakuwa anapita kutuangalia.

Alipita. Kijana mzuri, mpole, ana pikipiki. Lakini alipita wapi? Kwake ndiko kwenye baraza, kwake ndiko kwenye maji ya baridi, na yule mwanamke ana kicheko kinachomfanya mtu aone amesema jambo la maana. Akimwona askari anaweka ming'oko, viazi vyetu vya porini, jikoni. Nikawa naihesabu ile pikipiki. Juma la kwanza ilisimama kwake mara tatu. Kwangu ilisimama mara moja, na hiyo moja, askari alivua kofia, akasema, "Shikamoo bibi. Mama mdogo yupo?"

Mama mdogo yupo! Mkorosho uliokatwa ni wangu! Nikajibu, "Marahaba, yupo, atakwenda wapi," na nikaingia ndani.

Siku hiyohiyo nikaamua. Nitakwenda mahakamani peke yangu. Nitaomba amri ya kwangu, yenye jina langu, ya upande wangu wa njia, na askari atakayeletwa na amri atakuwa wa kwangu. Yeye abaki na baraza lake. Nilimwambia naenda Newala hospitali kuonyesha magoti. Akanipa khanga ya kujifunika njiani, maana ulikuwa mwezi wa saba, na Newala mwezi wa saba ukungu unaingia mpaka mdomoni. Nikaipokea. Nikajifunika khanga yake nikaenda kumwacha.

Pale mahakamani nikapelekwa kwa karani. Kijana wa kutoka mikoa ya mbali, Kiswahili chake kimenyooka kama rula. Mimi shule yangu ni ngumbaru, nilijifunza herufi nikiwa na mtoto mgongoni, nasoma polepole na kuandika kama kuku anayeparua. Kwa hiyo akawa anauliza, mimi najibu, yeye anaandika.

"Umri?"

"Tazama kwenye kadi ya kura. Hata mimi huwa naangalia humo."

Nikamweleza wapwa, panga, mkorosho. Nikasema wanadai shamba la mjomba wao aliyekufa. Sikusema kwamba mjomba mwenyewe ndiye mume wangu, nilidhani kila mtu anajua. Akaandika yote. Halafu akauliza, "Jina la mwenza?"

Kalamu yake ikasubiri. Mimi nikawa kama nimemwagiwa maji.

"Hata huku amefika?" nikasema.

"Nani, bibi?"

"Huyo mwenza."

"Lazima tuandike, bibi. Fomu ndivyo inavyotaka."

Sasa wewe unayesoma labda umekwenda shule, unajua kwamba siku hizi kwenye fomu na kwenye redio mwenza ni yule uliyeoana naye. Mimi sikujua. Kwetu mwenza ni mwanamke mnayechangia mume. Mwenza ni yule wa ng'ambo ya njia. Nikaona basi, serikali imemwandikia mstari wake kabisa, mstari uliopigwa mashine, hata nikisafiri peke yangu na ukungu wote huu namkuta ameshanitangulia kwenye karatasi. Nikamtaja kwa hasira. Jina lake ni la majira, na kwetu mwanamume analo na mwanamke analo.

"Yuko hai?"

"Yuko hai. Ana afya kuliko mimi na wewe."

"Mnaishi pamoja?"

"Njia tu ndiyo inatutenganisha."

Karani akaniangalia kwa huruma. "Mna ugomvi?"

"Tangu siku aliyokuja."

"Pole sana, bibi. Na miaka yote hiyo hamjaachana."

"Tutaachanaje? Nani atupe talaka?"

Akatikisa kichwa kama mtu aliyesikia neno la hekima. Kisha akauliza, "Na yeye anatishiwa na watu hao?"

Hapo nilikwama. Nilishaambiwa kuwa maneno haya yote nitayaapia, na mimi kwa kiapo nina woga. Ningesema hapana ningekuwa nimeapa uongo. "Anatishiwa," nikasema. "Wamemng'olea mfereji."

Akaandika. Akanisomea yote haraka, kama anayesoma dua ya chakula na njaa inamuuma, nikaitikia, nikatia saini yangu ya kuku.

Siku ya kuitwa shaurini wapwa walikuja na mashati ya kupigwa pasi. Mwenzangu hakuwa na habari, alijua magoti yangu yana siku ya kurudi. Hakimu alikuwa mwanamke, umri wa binti yangu, miwani imeshuka puani. Akasoma karatasi, akainua kichwa.

"Mwombaji, mwenza wako yuko wapi? Mbona mzee hakuja?"

"Mzee gani, mheshimiwa? Mzee tulishamzika."

"Huyu aliyeandikwa hapa si mume wako?"

"Mungu aniepushe! Huyo ni mwanamke."

Chumba kizima kikacheka. Yule mpwa mkubwa akacheka kuliko wote, mpaka simu ikaruka mfukoni. Hakimu akatuliza watu, na yeye mwenyewe midomo inamcheza, akaniambia nieleze. Nikaeleza. Kwamba tulikuwa wake wawili wa mume mmoja, ndiye huyo mjomba wa hawa wapwa, kwamba huyo ndiye mwenza, na karani aliniuliza nikamjibu alichoniuliza.

Hakimu akavua miwani. "Sasa bibi, nisikilize vizuri. Uliyekuja ni wewe peke yako. Ulikusudia maombi yawe yako au yenu wawili? Kama ni yako tu, tunalifuta jina hili, na amri ikitoka itahusu upande wako wa shamba. Upande wake atakuja kuomba mwenyewe siku nyingine, akitaka."

Yaani alinisomea moyo. Hicho ndicho nilichotoka nacho nyumbani. Nilikuwa sijafungua mdomo, yule mpwa akanyoosha mkono.

"Mheshimiwa, jina hilo lifutwe tu. Yule mama mdogo hana shida na sisi. Na upande wa bi mkubwa tunauacha, hata leo tunatia saini. Bi mkubwa ni mama yetu." Akanigeukia akatabasamu, kama tunavyotabasamu mimi na wewe tukimsengenya mtu mmoja.

Nikaelewa. Mimi nitabaki na mikorosho yangu mizee na karatasi yangu. Wao wataingia ng'ambo ya njia, kwenye mikorosho mifupi na kisima na bati, kabla hajajua hata mahakama iko upande gani. Nilikuwa nimepata nilichotaka, na kilichonipa ni mkono wa yule mtu.

Nikuambie kilichonipata. Watu husema ilikuwa huruma. Haikuwa huruma. Mimi nimemchukia yule mwanamke miaka zaidi ya thelathini, kwa jasho langu, bila kuomba msaada wa mtu. Nimemchukia masika na kiangazi, nimemchukia nikiwa na ndoo kichwani. Leo anatokea mtu wa Masasi na pasi ya shati, hajamfahamu hata mwaka, anataka kumchukia siku moja na kuvuna! Wivu ulinipanda mpaka masikioni. Yule ni wangu. Kama kuna mtu wa kumtoa mwanamke yule kwenye shamba lile ni mimi, na mimi sijamtoa.

"Asifutwe," nikasema.

"Una hakika, bibi?"

"Mheshimiwa, mimi na mwenzangu tuna ugomvi wetu, na ni mkubwa. Lakini ni wetu. Hawa hawamo. Mwandike hivyohivyo."

Mpwa akaacha kutabasamu. Hakimu akachukua kalamu, mbele ya neno mwenza akaongeza neno mke, akaweka saini ndogo pembeni, akasema mwenzangu aletwe baada ya siku tatu naye aape.

Sasa kazi ikawa kumwambia. Nilimkuta anafagia chini ya mikorosho yake.

"Magoti wamesemaje?" akaniuliza bila kuinuka.

"Magoti gani? Nilikuwa mahakamani. Siku tatu kutoka leo unatakiwa uende ukaape."

Akainuka. "Mimi? Nimefanya nini?"

"Hujafanya kitu. Jina lako limo kwenye maombi."

"Nani kaliweka?"

"Mimi."

Akaweka fagio chini. Hana shule kabisa, lakini si mjinga. "Kwa kupenda, dada, au kwa kukosea?"

Ningeweza kumdanganya. "Kwa kukosea," nikasema, na nikamweleza yote, khanga yake na karani na mzee tuliyemzika. Sikumweleza ya askari. Alisikiliza mpaka nilipofika kwa hakimu aliyeuliza mzee yuko wapi, akaanza kucheka. Akacheka mpaka akakaa chini kwenye majani makavu.

"Kwa hiyo kwenye karatasi mimi nilikuwa mume wako?"

"Kwa majuma matatu."

"Majuma matatu, na hukuwahi hata kunipikia! Haya, mke wangu, leo nipikie." Kisha akajifuta macho na upindo wa khanga, akasema kwa sauti nyingine, "Lakini ulitaka kuniacha."

"Nilitaka."

"Nilijua. Mtu wa magoti habebi kadi ya kura."

Akachukua fagio akaendelea na kazi, na mimi, sijui kwa nini, nikaokota fimbo nikawa nasogeza majani upande wa pili. Na kupika nilipika, lakini si kwa sababu aliniambia.

Aliapa. Aliapa vizuri, na mimi nikakaa pale nikiona wivu kwa jinsi hakimu alivyomsikiliza. Amri ikatoka. Wapwa wasikanyage pande zote mbili za njia, na polisi wasimamie. Askari wa kata alikuja na mwenyekiti wa kijiji wakaisoma kwa sauti shambani, watu wamekusanyika, wapwa nao wameitwa wasikie. Yule wa panga siku ile hakuwa na panga. Yule mkubwa alisema atakata rufaa, na labda atakata, sheria inamruhusu. Lakini msimu huo korosho tuliziokota sisi, mimi kwangu na yeye kwake, na vidole vyangu ninavyo vyote kumi.

Taabu iliyobaki ni karatasi. Kwa kuwa maombi yalikuwa mamoja, tulipewa karatasi moja, yenye muhuri wa rangi ya bluu. Tulikwenda kutoa kopi, muhuri ukatoka mweusi, na mtu wa kwetu hauamini muhuri mweusi, atasema umeupiga mwenyewe kwa masizi. Kila mmoja anaitaka ile ya bluu ndani kwake. Tukabishana siku mbili, mwishowe tukakubaliana iwe inalala kwa zamu, juma moja kwangu, juma moja kwake, kama marehemu alivyokuwa akilala. Nayo imenirudisha kulekule. Ikiwa kwake naiwaza. Naona kama kule inatunzwa vizuri zaidi, kama inakaa kwenye sanduku zuri kuliko langu. Juma lake likizidi hata siku moja navuka njia kuifuata, na yeye hunichelewesha makusudi mlangoni, eti nisubiri kidogo, bado anaisoma. Hajui hata a.